Oya Mwanangu, Soma Kioo

Jumamosi, saa nane mchana, geto la mshikaji mmoja pale Malambo, Bariadi. Jua linapiga bati mpaka bati linalia lenyewe. Tuko wana wanne, simu nne, chaja moja, na mimi nimeshadedi mara kumi na moja kwenye mechi ambayo haijafika hata dakika sita. Pembeni yangu kuna dogo kakalia ndoo iliyopinduliwa, mtoto wa rika moja na mkoa wenyewe, maana Simiyu imezaliwa 2012 na yeye kazaliwa mwaka huohuo. Ananicheki kwa huruma, kama mganga anavyomcheki mgonjwa anayetema dawa.

"Braza," ananiambia, "wewe unaangalia bunduki tu. Kioo husomi."

"Kioo kipi tena? Si hiki hapa nakiangalia?"

"Kukiangalia unakiangalia. Kukisoma ndo hukisomi."

Nikamaindi. Mtu mzima mimi, nifundishwe na mtoto ambaye ndevu zake bado ziko kiwandani? Gemu nimeanza kuzigusa enzi za vibanda vya pleistesheni, jero kwa mechi, foleni mpaka nje, mwenye kibanda kashika fimbo ya kuwafukuza madogo waliotoroka shule. Tatizo ni kwamba kule tulikuwa tunapiga boli tu. Kwenye boli mambo yako hadharani: mpira ule pale, goli lile pale, refa yule anazingua. Kwenye gemu ya shaba, anayekuua humuoni.

Halafu kuna siri sikuitoa mbele za wana. Simu yangu niliiangusha kwenye boda natoka Nyakabindi, ikapata ufa kwenye kona ya juu kushoto, ufa wa mtindo wa utando wa buibui. Nikajipa moyo kwamba pale kona hapana kitu cha maana. Kumbe pale ndo nyumbani kwa ramani.

Gemu tunayoisema hapa ni Call of Duty: Mobile, iliyotoka Oktoba 2019. Madogo wengi wa kitaa wameanzia Free Fire kwa sababu haibagui simu, hata itel ya kawaida inaisukuma. Ila Free Fire kamera inakaa nyuma ya mgongo wako. Unajiona mzima mzima, na ukijibanza ukutani unapiga chabo upande wa pili bila kutoa hata sikio. Hiyo ni dezo. Kwenye Call of Duty unaona kwa jicho la mpiganaji mwenyewe: mikono miwili, mtutu, basi. Mgongo huna. Shingo huna, masikio nusu, na ukipigwa huumii. Ukifikiria vizuri wewe ni jicho moja linaloelea na bunduki.

Ndo maana watengenezaji wakajaza vitu pembeni ya kioo. Ile ramani ni shingo yako. Wekundu unaotanda ni maumivu. Namba za risasi ni uzito wa chuma mkononi. Vile vidude vyote ambavyo mshamba kama mimi anaviona takataka ni mwili wako, umekatwa vipande vipande na kubandikwa kwenye kona. Dogo hakusema hivyo, yeye alisema "soma kioo". Hayo mengine nimeyatafakari nikiwa nimekufa, nasubiri kuzaliwa upya.

Asili ya vidude hivi ni kwa marubani wa ndege za kivita. Rubani akiinamisha kichwa kusoma saa zake za mbele, tayari kaliwa shaba. Wajanja wakatafuta namna ya kummulikia namba kwenye kioo kilekile anachochungulia nje, asome kasi na kimo huku macho yako angani. Buccaneer ya Waingereza, iliyoruka mara ya kwanza 1958, ni kati ya ndege za mwanzo kabisa kuwa na teknolojia hiyo. Leo hata Prius za Mjapani baadhi zinakuwekea spidi kwenye kioo cha mbele. Na wewe unayo kwenye Infinix yako, bure, ila hujui kuisoma.

Sasa turudi kwenye ile kona yangu yenye ufa.

Katikati ya kijiramani kuna kimshale, huyo ni wewe, na kinatazama unakotazama. Wana wako nao wana alama zao. Adui haonekani mpaka akosee. Kosa lake kubwa ni kufyatua chuma kisicho na sailensa (sio ile ya boda, ni ile ya kumeza mlio): kila akipiga, kidoti chekundu kinawaka pale alipo. Yeye anadhani anakuua wewe, kumbe anapiga kelele sokoni kwamba yuko nyuma ya gari bovu. Timu yako ikirusha kidege cha upelelezi ndo kabisa, vidoti vinaibuka kama mbegu baada ya mvua. Na wao wakirusha chao, gemu inakuambia. Watu wengi wanalipuuza tangazo hilo. Mimi nililipuuza kwa miezi, nikawa najibanza kwenye chimbo langu kwa kiburi huku timu nzima ya adui inaniona nilivyokaa.

Hayo hata kipofu wa gemu ataambiwa. Kilichonichukua muda kuelewa ni kwamba sehemu tupu ya ramani nayo inaongea. Dogo aliniuliza swali moja tu: "Wenzako wako wapi?" Nikaangalia: wote watatu wamevuka mpaka kule maadui wanakozaliwa, wanajiona vidume. "Sasa maadui wakifa watazaliwa wapi, kwa bibi yao?" Wanazaliwa upande uliobaki wazi. Nao upande uliobaki wazi ulikuwa mgongo wangu. Sikumaliza hata kugeuka, nikala njugu. Kidoti hakikuwepo, mlio haukuwepo, ila ramani ilikuwa imeshasema yote kwa kunyamaza.

Huwezi kuikodolea ramani lakini. Ukiikodolea utakufa ukiwa na elimu. Mtindo ni ule wa dereva wa hiace ya Lamadi na saitmira yake: anatupia jicho, anarudi barabarani, anatupia tena, na stori na konda haikatiki. Tupia jicho ukiwa unakimbia sehemu iliyofungwa, ukiwa unabadilisha magazini, ukiwa nyuma ya ukuta. Ukiwa unafungua mlango usitupie popote. Mlango ni mlango.

Kwenye PUBG Mobile, gemu nyingine ya shaba, ramani imeenda mbali zaidi, inakuchorea nyayo mtu akitembea karibu yako, na alama ya risasi akifyatua. Kwa masela wasio na hedifoni, na geto zima letu lina hedifoni moja ya sikio moja, hicho ni kitonga. Nikikumbuka wazee wa Meatu na Itilima wanaolala kwenye vichanja kulinda mtama usiliwe na tembo wa Serengeti, naona aibu kidogo. Wao wanasikia tawi limevunjika gizani na wanajua mnyama yuko upande gani, umbali gani, na kama ni mmoja au ukoo mzima. Sisi tumechorewa nyayo na bado tunakanyagwa.

Ila mafundisho ya dogo yaliyonichekesha kuliko yote ni ya dira. Kwenye gemu za kushuka na parashuti, juu ya kioo kuna mstari wenye namba na herufi za Kiingereza: N, E, S, W, na digrii kuanzia 0 mpaka kurudi 360. Kazi yake ni kuelekezana. Ukisema "yule pale kwenye mti," miti iko mia nne. Ukisema "kwenye 195," kila mtu anageuka hadi namba iguse katikati, na mtu yuko hapohapo.

Shida ni kwamba kwenye joto la vita hakuna mtu geto kwetu anayetamka "mia moja tisini na tano" kwa wakati. Ulimi unakwama, mwana anakufa. Basi wana wakatengeneza dira ya Bariadi. N ni Lamadi, kwa sababu ukishika lami ya Lamadi unaelekea kaskazini. S ni Maswa. W ni Mwanza. E ni Serengeti. Ukisikia mtu anapayuka "Maswa! Maswa! Juu ya ghorofa!" ujue kuna mtu kusini. Katikati ya Lamadi na Mwanza wanasema "ziwani", na kijiografia hawajakosea, Ziwa Victoria liko hukohuko.

Siku yangu ya kwanza nikasoma herufi S kwenye kioo, nikaona adui, nikapiga kelele: "S! Yuko S!" Wana wawili wakageukia Serengeti. S si ndo Serengeti? Wakaliwa kisogoni na jamaa aliyetokea Maswa. Nilikaushiwa siku nzima, hata michembe niliyonunua hawakugusa. Tangu siku hiyo herufi hazitamkwi geto lile, ni majina ya miji tu.

Na majina nayo yana wenyewe. Kuna usiku tuliingia skwadi na msee wa Nairobi, sauti yake inakuja safi kuliko ya jirani. "Buda, wako wawili kwa hiyo keja ya juu, usikanyage hapo!" Dogo kanigeukia: "Keja ndo nini?" Kabla sijajibu alikuwa ameshazama mlangoni, kanokiwa. Keja ni nyumba, mwanangu. Sheng ya Wakenya na lugha yetu ya kitaa ni ndugu wasiofanana sura. Baada ya hapo msee akaacha maneno, akawa anaweka alama kwenye ramani kwa kidole, kile kitufe cha kuonyesha. Alama haina lahaja. Tulimaliza wa tatu.

Msalaba wa katikati naupitia haraka kwa sababu kila mtu anadhani anaujua. Ukikimbia au kuruka, mistari yake inaachana, na risasi zinatapanyika ndani ya nafasi hiyo kama mahindi kwa kuku. Ukitulia, inabana. Kwa hiyo wale mabingwa wa kurukaruka huku wanamwaga njugu bila kulenga, wanapendeza kwenye video tu. Risasi ikiingia, X ndogo inawaka katikati. Usipoiona X unapiga ukuta, acha kujifariji. Msalaba una kazi nyingine ambayo hatuisikii ikitajwa. Kwenye Mirror's Edge ya 2008, gemu ya kuruka mapaa, wabunifu waliweka kidoti katikati ya kioo ili mchezaji apate pa kutuliza jicho, asishikwe na kizunguzungu. Mama yangu mdogo alijaribu gemu yetu dakika mbili akataka kutapika. Nikamwambia akodolee msalaba, akadumu dakika nne. Halafu akasema tuna mapepo.

Namba za risasi ziko karibu na picha ya bunduki: kushoto zilizomo, kulia za akiba. AK-47 inaanza na 30. Hapa kuna ugonjwa, na mimi nilikuwa nao sugu. Nikipiga risasi sita tu, mkono unajirilodi wenyewe. Zimebaki 24, zinazotosha kuua watu watatu, lakini roho haitulii mpaka isome 30. Sekunde mbili za kubadilisha magazini ndizo adui anazozisubiri. Ni kama mwendesha boda anayesimama kila sheli kuongeza mafuta ya buku huku abiria anachelewa basi.

Dingi wangu hajui gemu ila namba anaziheshimu kuliko mimi. Msimu wa pamba, akifikisha mzigo AMCOS, macho hayatoki kwenye mzani mpaka karani aandike na yeye aone kilichoandikwa. Salamu anaitikia bila kugeuka: "Mwadila, mwadila," jicho kwenye kilo. Ukimsemesha wakati ule hakujibu. Nilipomweleza kwamba kwenye gemu kuna namba zinashuka kila ukifyatua, aliuliza swali ambalo hakuna kijana aliyewahi kuniuliza: "Na unaziamini?" Kwenye gemu nikamwambia ndiyo, zinaaminika. Akaguna.

Uhai ndio umepitia mengi zaidi. Kwenye Doom ya 1993, gemu ambayo hizi zote zinaiita babu, chini ya kioo kulikuwa na asilimia ya uhai na katikati kuna sura ya jamaa mwenyewe. Ukipigwa, sura inavimba na kuvuja damu. Ukipigwa kutoka kushoto, macho yanaangalia kushoto. Mpaka leo sijaona kitu chenye akili kuliko ile sura: husomi namba, unamtazama mtu, na mtu unamjua akiwa hoi. Mwaka 2001 ikaja Halo na ngao inayojijaza yenyewe ukitulia. Call of Duty 2 ya 2005 ikaondoa kabisa mstari wa uhai, ikaanza kukupaka wekundu kioo kizima. Wekundu wa Msimbazi, wana wanautania, kwa sababu ukishauona ni kama noti ya elfu kumi: hautakaa nao muda mrefu.

Kwenye simu vyote viwili vipo, mstari na wekundu. Cha kusoma hasa si kwamba umeumia, hilo unalijua. Kuna kiupinde chekundu kinachozunguka msalaba, kinaonyesha shaba imetoka upande gani. Mgeni akipigwa anapata mawenge, anageuka kumtafuta mbaya wake aanze kujibu. Mzoefu anakisoma kile kiupinde na kukimbilia upande wa pili wa ukuta. Anakula kona, anatulia sekunde kadhaa, damu inarudi, ndo anatoka upya. Ukijibu kwa hasira na uhai robo, huo si ushujaa, ni kujilipua.

Mshikaji mwenye laptopu alituonyesha kitu kingine, Far Cry 2, gemu ya 2008 iliyowekwa kwenye nchi ya kubuni ya Afrika. Mle mpiganaji ana malaria. Sitanii. Uko katikati ya msako, kioo kinaanza kuvurugika, inabidi umeze kidonge. Ramani haipo kwenye kona, unaitoa kama karatasi na kuishika mkononi, na ukiwa unaisoma gari linaweza kukugonga. Bunduki ikichoka hupewi namba, unaona kutu juu yake, ukipuuza inakwama. Wana wa geto walicheka sana ile ya malaria, kisha mmoja akasema hiyo gemu imetengenezwa na mtu aliyewahi kulala Simiyu bila neti.

Sasa tuje kwenye namba ndogo kuliko zote, ambayo kwa mtu wa Bariadi nadhani ndiyo ya kwanza kusoma: pingi. Ipo pembeni kabisa ya kioo, maandishi ya kuonea kwa darubini, inahesabu milisekunde ambazo amri yako inatumia kwenda kwenye seva na kurudi. Ikiwa chini, ina rangi ya amani. Ikipanda, inabadilika. Hapo unachokiona mbele yako ni historia. Umeshajificha, umefika nyuma ya ukuta, unashusha pumzi, na bado unadedi, kwa sababu kwa seva wewe bado uko barabarani.

Watu wanatukana simu, wanatukana laini, wanatukana hata mwenye geto. Hesabu ina upole wake. Mwanga ndani ya waya wa faiba unakimbia kama kilomita 200,000 kwa sekunde. Seva ikiwa Ujerumani, kama kilomita 6,000 kwa mstari ulionyooka, kwenda na kurudi ni milisekunde 60 hata kama kila kitu ni fulu. Na waya haunyooki, unashuka Dar, unazama baharini, unazunguka. Nyaya zenyewe si nyingi, Seacom ilifika Dar 2009. Jumapili ya 12 Mei 2024, Seacom na mwenzake EASSy zilipata hitilafu baharini upande wa Afrika Kusini, na Tanzania ikawa kati ya nchi zilizopigwa zaidi. Siku ile geto letu pingi ilisoma namba ambazo tulidhani ni namba ya simu ya mtu. Tukapiga bao la vizibo.

Kwa hiyo kabla sijajiita mbovu, nasoma pingi. Ikicheza kwenye 120 nakaba kona, nasubiri watu waje kwangu. Ikipita 200 siingii mechi ya ushindani, nitawaharibia wana. Jioni mtaa mzima ukirudi kazini na kuwasha bando inapanda, alfajiri inashuka. Ndo maana yule dogo yuko vile alivyo: anacheza saa kumi na moja asubuhi kabla hajatumwa maji. Wengine wamelala, yeye na wachache wake wana mtandao mzima peke yao.

Kuna mwana mmoja tulimuonea miezi. Kila akiingia timu yetu anawapiga wenzake risasi kwanza ndo anauliza, au anamkazia macho adui anapita. Tukamwita Wenge. Siku moja dogo, nani mwingine, akamuuliza alama ya fulani ina rangi gani. Akakosea. Nyingine, akakosea tena. Jamaa nyekundu na kijani kwake ni ndugu wa tumbo moja, na hajawahi kujua, alidhani wote tunaona hivyo. PUBG Mobile ina setingi ya wenye macho ya aina hiyo, inabadilisha rangi za alama. Tukaiwasha. Siku hizi jina la Wenge tumelifuta, ila mtu wa kwanza kumuomba msamaha bado anasubiriwa, na mimi nimo kwenye foleni hiyo.

Setingi nyingine isiyoguswa ni ya kupanga vitufe. Simu si televisheni: madole gumba yako mawili ni pazia juu ya habari unazotakiwa kusoma. Mtu anafunika namba za risasi kwa dole la kulia halafu analalamika zimemuishia ghafla. Unaingia kwenye mpangilio, unasogeza, unapunguza ukubwa, unafifisha usichokitumia. Wengine wanachezea vidole vinne, vidole vya shahada juu kama makucha ya kunguru, ili katikati pabaki wazi. Nilijaribu, nikapata kamshtuko kwenye kiganja, nikaacha.

Kwa waliovimba kabisa kuna mtindo wa Hardcore. Msalaba unaondolewa, ramani inaondolewa, uhai mdogo, risasi mbili umevuta. Nilidhani dogo ndo angeutawala ule mtindo. Wapi. Aliyetusambaratisha wote ni mwendesha boda wa kijiwe cha Somanda, mtu asiyejua hata kidoti chekundu ni nini. Pikipiki yake dashibodi ilikufa zamani: geji ya mafuta haisomi, spidi haisomi, taa ya gia imezima. Anatikisa tangi na kusikiliza mafuta yanavyocheza, anakuambia tutafika Dutwa au hatufiki. Kwenye Hardcore alikuwa anahesabu risasi zake kwa kinywa, chinichini, na za adui pia. Dogo alikula shaba mara saba, akanuna, akasema hiyo siyo gemu.

Mimi nilienda kwa fundi wa stendi Jumatatu. Kioo kipya, elfu sitini, nikamlilia akashusha mpaka hamsini na tano. Alipobandua kile cha zamani akauliza hii kona nilikuwa naitumiaje. Nikamwambia sikuwa naitumia. Jumamosi iliyofuata, Malambo, ndoo ileile, bati lilelile, nikamaliza nimeua kumi na nne, nimedanja tisa. Dogo akatazama matokeo, akatazama saa. "Afadhali," akasema, "ila bado unarilodi kama mgonjwa."

Chaja bado ni moja. Ukipita Malambo na una ya Type-C, pitia geto, nafasi ya mtu wa tano ipo.